Mhusika Mdogo na Wito Wake

Katika tamthilia za televisheni tunazozitazama majumbani mwetu jioni, baada ya chakula na kabla ya sala, yupo mtu tunayemjua sura bila kumjua jina. Ni yule mama mkwe anayefika na begi lake bila taarifa. Ni mlinzi wa getini, ni mganga mwenye kitambaa chekundu, ni dalali wa nyumba, ni mjumbe aliyeitwa kusuluhisha ugomvi, ni daktari anayetoka chumba cha upasuaji akitikisa kichwa. Anaingia mara mbili au tatu, anasema maneno yake, anatoka. Hadithi si yake. Lakini mwondoe uone: geti halina wa kulifungua, barua haina wa kuileta, na shujaa hana wa kumtia majaribuni.

Tunajiuliza katika makala haya kama kazi ya mtu huyu ni wito mbele za Mungu, au ni riziki ya kuvumiliwa tu, kama tunavyovumilia mambo mengi kwa sababu maisha ni magumu. Swali hili si la darasani peke yake. Limeshafika mezani kwa wazee wa kanisa katika sharika za pwani, na tutaeleza lilivyofika.

Sisi wa Tanga tuna sababu yetu ya kulifikiri. Mji huu ulimzaa Amri Athumani, ambaye Afrika Mashariki nzima ilimwita King Majuto. Alizaliwa mwaka 1948, akaanza kuigiza akiwa bado mtoto, akapita katika majukwaa, kanda za vichekesho, filamu na matangazo ya biashara, hadi alipofariki Muhimbili tarehe 8 Agosti 2018. Mwishoni jina lake liliuza filamu, kwa hiyo hatuwezi kumwita mhusika mdogo. Hata hivyo mara nyingi aliingia katika filamu za wengine kama baba mkaidi au mzee wa mtaa, akakaa dakika chache, na dakika hizo ndizo watu walizokwenda kuzisimulia kesho yake barazani. Alikuwa Mwislamu, nasi tulimlilia kama jirani, maana Tanga msiba hauulizi dhehebu.

Tanga ina sehemu yake ndogo pia ndani ya hadithi za wengine. Mwandishi wa filamu akihitaji mganga aliyekubuhu, humtoa Tanga. Akihitaji mwanamke wa mahaba anayemfanya mume wa mtu asahau kwao, humtoa Tanga vilevile. Waja leo waondoka leo! Hatujui ni lini filamu itamtoa Tanga mhasibu au mwalimu wa hisabati, ila tungeipokea kwa shukrani.

Tuseme kwanza kazi yenyewe ilivyo, kwa kadiri waigizaji wanavyotueleza, maana ni rahisi kuipamba au kuidharau kazi ambayo hatujaiona. Zamani sauti zilitosha. Wakubwa wetu waliketi karibu na redio kuwasikiliza Pwagu na Pwaguzi wa Redio Tanzania. ITV ilipoanza mwaka 1994, na baadaye vikundi kama Kaole vikaingia kwenye kioo, sura zikaanza kujulikana. Ikafuata biashara ya filamu za kanda na diski kutoka Kariakoo, nayo ikapungua. Siku hizi kazi nyingi ni tamthilia za mfululizo kwenye chaneli kama Maisha Magic Bongo na Sinema Zetu. Vifaa vimebadilika. Siku ya mhusika mdogo haijabadilika sana.

Anapigiwa simu jioni: kesho saa kumi na mbili asubuhi uwe lokesheni, njoo na kanga mbili na gauni la msibani. Nguo ni zake mwenyewe. Kama anaishi huku kwetu na kazi ipo Dar es Salaam, ni safari ya kilomita zipatazo 350 kupitia Segera na Chalinze, na nauli huenda akarudishiwa, huenda asirudishiwe. Akifika anaketi. Wanapigwa picha wakubwa kwanza, kwa sababu wana mahali pengine pa kwenda. Umeme unakatika, mvua inanyesha, jirani anawasha redio, wanasubiri. Pengine hakuna skripti mkononi: dairekta anamwambia, “Mama, wewe humtaki huyu binti, mwanao kakuletea, sasa mfukuze,” na maneno anayatunga papo hapo kutoka katika umri wake na mambo aliyoyaona. Sini yenyewe ni dakika nne. Jua likishazama ndipo anaulizia bahasha yake. Wengi wana shughuli nyingine za kuwalisha: anauza vitenge, anafundisha, anapika mandazi. Na akipanda daladala kesho yake, kondakta anampokea kwa jina la mhusika.

Jambo linaloleta shida kwa Wakristo ni hili la mwisho. Mtu anayeigiza uovu, je, uovu unamwachia alama? Kanisa la kale lilijibu ndiyo, tena kwa ukali. Tertuliani wa Karthago, karibu na mwaka 200, aliandika kitabu kizima kuwaonya waumini wasiende kwenye maonyesho. Sinodi ya Elvira kule Hispania, mwanzoni mwa karne ya 4, iliagiza waigizaji wa michezo ya wakati ule waache kazi hiyo kwanza ndipo wapokelewe kanisani. Na tukifungua Injili kwa Kigiriki tunakuta neno ambalo kwa Kiswahili tumeliandika “mnafiki”. Neno hilo, hypokrites, ndilo Wagiriki walilolitumia kumwita mwigizaji wa jukwaani. Bwana Yesu alipowakemea Mafarisayo wanaosali njia panda ili watazamwe, aliwaita, kwa neno lile, waigizaji.

Je, hoja imekwisha? Hatudhani. Yapo mambo mawili ya kuyapima. La kwanza, maonyesho aliyoyaona Tertuliani yalikuwa na ibada za miungu ndani yake, na katika viwanja vilevile vya burudani watu waliuawa kweli ili umati ufurahi. Alikuwa na haki ya kuogopa. La pili, ambalo ni zito zaidi, Mfarisayo wa njia panda na mwigizaji wa tamthilia hawafanyi jambo moja. Mfarisayo anavaa sura ya uchaji na kutaka tuamini kwamba ndiyo sura yake. Mwigizaji anavaa sura mbele yetu, na sote tumepatana naye kwamba ni sura tu. Jina lake linapita mwisho wa kipindi kutuambia hivyo. Uongo unahitaji mtu wa kudanganywa. Ukimtazama mganga wa kwenye tamthilia, kisha ukampelekea kuku mweupe, umejidanganya mwenyewe.

Na sisi wenyewe tunaigiza. Kila Krismasi watoto wa shule ya Jumapili hutuletea Yusufu, Mariamu, wachungaji na kondoo mmoja aliyevikwa shuka. Hutuletea pia mwenye nyumba ya wageni, anayesimama mlangoni kusema nafasi imejaa. Mhusika ambaye Luka hakumwandika kabisa, tumemwongeza sisi kwa sababu mchezo ulimhitaji. Mtoto anayeigiza Herode huwa na kilemba kizuri kuliko wote, na hatujasikia wazazi wakiomba atengwe. Ijumaa Kuu, pale somo la mateso linaposomwa kwa sauti nyingi, ushirika mzima hupewa sehemu ya umati unaotaka Yesu asulubiwe. Tunaisema sehemu hiyo kwa midomo yetu, tena ndani ya ibada. Tunaisema kwa sababu ipo kweli katika uovu ule ambayo haionekani mpaka mtu aiseme.

Luther hakuwa na hofu ya Tertuliani. Hakuwakataza wanafunzi kuigiza tamthilia za Terentius wa Roma, ingawa zimejaa ujanja wa watumwa na vijana watoro. Na alipoandika utangulizi wa vitabu vya Yudithi na Tobiti, alikisia kwamba huenda vilikuwa michezo ya kuigizwa, ya kuwafundisha watu kumcha Mungu.

Hata hivyo hatusemi kila sini ni halali kwa sababu “ni kuigiza tu”. Katika Katekisimu tunafundishwa amri ya pili, tusilitaje bure jina la Mungu, na tamthilia zetu hulitaja sana. Wapo wachungaji wa kwenye kioo wanaotoa pepo kwa kelele dakika tano kabla ya kipindi kwisha ili hadithi ipate mwisho. (Sisi tulio na sharika halisi tunajua kwamba matatizo ya nyumba ya mtu hayaishi kwa ratiba hiyo.) Mwigizaji akiombwa aigize ubatizo, kwa maji na kwa jina la Baba, Mwana na Roho Mtakatifu, afanyeje? Swali hili si jipya. Augustino alilikuta mnamo mwaka 400 alipoandika juu ya ubatizo dhidi ya Wadonatisti: ubatizo unaofanywa katika mchezo ni ubatizo? Mtu yule, ambaye hakuwa mwepesi wa kukosa la kusema, hakutoa hukumu. Aliona ni jambo la kuulizwa kwa Mungu katika sala ya pamoja. Nasi tunamshauri mwigizaji Mkristo afanye jambo jepesi zaidi: amwombe dairekta kamera igeuke kabla ya maneno yale. Akikataliwa, anao uhuru wa kukataa naye. Kuna pia sini zinazoifanya dhambi iwe tamu bila kuonyesha anayeilipia. Kuna tofauti kati ya kumwigiza mzinzi ili mtazamaji aone machozi ya nyumba iliyovunjika, na kumwigiza ili mtazamaji atamani. Mwigizaji huijua tofauti hiyo kabla yetu, kwa sababu anaambiwa aweke mkono wapi.

Sasa tueleze lile la wazee wa kanisa. Katika ushirika mmoja wa pwani yupo mama mtu mzima ambaye amekuwa akiitwa kuigiza mama mkwe mkorofi, na mara kadhaa mchawi. Anaigiza vizuri, hilo ndilo kosa lake. Mwalimu wa shule ya Jumapili alipohama, jina la mama huyu lilipendekezwa. Baadhi ya wazazi wakaja kwa mchungaji. Hawakusema ni mchawi, la. Walisema watoto watachanganyikiwa: Jumatano wanamwona anazika hirizi mlangoni, Jumapili anawafundisha Baba Yetu. Mzee mmoja akaongeza kwamba mtu hawezi kukaa na masizi asichafuke. Mama alipoitwa hakulia wala hakutetea sanaa. Alisema, “Baba Mchungaji, uchawi naigiza nusu saa. Nauli ya kurudi nyumbani naihangaikia siku nzima. Mbona hilo la pili hakuna aliyekuja kuniuliza?”

Watu wazima kadhaa walitazama chini. Tunakiri hoja ya wazazi haikuwa ya kipumbavu. Mtoto wa miaka mitano hatofautishi vizuri kioo na dirisha. Lakini dawa yake haikuwa kumnyima mama darasa. Dawa ilikuwa mama kuwaonyesha watoto anavyofanya, na ndivyo ilivyokuwa: alikunja uso mbele yao akawa yule bibi wa Jumatano, akaukunjua akawa yeye, akawaambia nao wajaribu. Yasemekana darasa zima lilikuwa na wachawi kwa dakika kumi, kisha likasali. Tangu siku ile watoto wale wanatazama televisheni kwa akili kuliko wazazi wao.

Swali lake la pili limebaki, nalo ndilo limetufanya tuandike.

Sisi Walutheri tunapenda kusema kila kazi halali ni wito. Luther, akiifafanua Zaburi ya 147, alieleza kwamba kazi za watu shambani, mjini, nyumbani na serikalini ni vinyago vya Mungu. Mungu amejificha nyuma yake akitupa mkate na amani. Tungeweza kusema barakoa, neno ambalo pwani tulikuwa nalo kwa vazi la uso la wanawake muda mrefu kabla ya korona. Yeye anayetulisha hataki kuonekana. Anavaa uso wa mkulima, wa mama lishe, wa dereva wa lori la unga. Hakuna fundisho linalomfaa mhusika mdogo kuliko hili. Anayeingia akafungua geti anafanya kazi ambayo Mungu mwenyewe haoni haya kuifanya akiwa amejificha.

Biblia nayo imejaa watu wa namna hiyo. Yule binti mtumwa aliyemwambia bibi yake habari za nabii wa Samaria, Naamani akapona: hana jina, ana sentensi moja. Mvulana mwenye mikate mitano ya shayiri hana hata hiyo sentensi, Andrea alimsemea. Roda alitumwa kufungua mlango, akaitambua sauti ya Petro, akakimbia ndani kwa furaha akamwacha mtume nje akigonga. Tertio aliiandika kwa mkono wake barua kwa Warumi na kuomba nafasi ya salamu moja tu. Na Jumapili kwa Jumapili, katika Imani ya Mitume, baada ya Bwana na mama yake tunamtaja liwali mmoja wa Kirumi aliyeingia asubuhi moja, akanawa mikono, akatoka. Sehemu ndogo si lazima iwe njema.

Lakini hapa tunataka kuwa waangalifu kuliko wahubiri wengine. Fundisho la wito likiwekwa mikononi mwa mwenye kulipa linaweza kuwa kisu. “Wewe ni kipaji cha Mungu” ni maneno mazuri, na tumesikia yakitumika mahali pa bahasha. “Utajulikana” hutumika vivyo hivyo. Torati haikumwambia mwenye shamba amtie moyo kibarua. Ilimwambia ampe ujira wake siku ileile kabla jua halijatua, kwa sababu ni maskini na nafsi yake inautazamia. Yakobo anasema ujira uliozuiwa unapiga kelele, na kelele hizo zimefika masikioni mwa Bwana wa majeshi. Mkono unaozuia bahasha ya mama yule haujajificha kwa Mungu nyuma ya neno “sanaa”.

Wengi wanakumbuka siku za mwisho za King Majuto. Mtu aliyewachekesha watu kwa miaka zaidi ya hamsini aliugua, akapelekwa India kwa matibabu, na nchi ikaanza kuulizana mikataba yake ilikuwa ikisema nini. Mwaka ule wa 2018 serikali, kupitia Waziri Dkt. Harrison Mwakyembe, iliunda kamati ya kuangalia mikataba ya wasanii. Kama hali ya mtu ambaye sura yake ilijulikana hivyo iliwashtua watu, ya mama mkwe wa sini mbili ikoje? Tunayo Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya mwaka 1999, inayomtambua mwigizaji kuwa na haki zake katika kile alichokiigiza. Ila haki huanza na karatasi, na mhusika mdogo mara nyingi hana karatasi. Ana simu ya jioni na neno la mtu. Tamthilia ikirudiwa mara ya nne, anaiona kwa jirani kama tunavyoiona sisi.

Mtu atasema hayo ni ya serikali na wenye vituo, kanisa lina nini? Kanisa lina kwaya. Kwaya zetu zinatoa video, na ndani ya video kuna mwana mpotevu, kuna nguruwe, kuna baba mwenye fimbo anayekimbia barabarani kumlaki. Baba yule ni nani? Mara nyingi ni mwigizaji wa mtaani aliyeombwa “ajitolee kwa Bwana” siku nzima juani, huku mpiga picha, mwenye jenereta na mwenye gari wakilipwa taslimu. Anayejitolea kwa hiari na abarikiwe. Lakini hiari inahitaji mtu aulizwe, na aulizwe kwa namna ambayo anaweza kujibu hapana bila kuonekana amemnyima Mungu.

Jambo jingine tunalolipendekeza kwa sharika ni dogo. Katika sharika nyingi za mjini yupo mwanasheria au karani wa mahakama anayeketi kiti chake kilekile kila Jumapili, na wapo vijana wenye ndoto za kuonekana kwenye kioo wanaoketi nyuma karibu na mlango. Wakutanishwe Jumamosi moja kwa mwezi, baada ya mazoezi ya kwaya. Kijana alete karatasi aliyopewa, kama amepewa. Isomwe kwa sauti na kwa Kiswahili: nalipwa kiasi gani, lini, nani anatoa nauli na nguo, ikirudiwa kuonyeshwa inakuwaje, nikiumia lokesheni nani ananipeleka hospitali. Kama hakupewa karatasi, afundishwe kuandika ujumbe wa simu wenye mambo hayo na kumtumia prodyuza kabla ya kupanda basi. Na mama wa shule ya Jumapili aalikwe pia, maana maswali hayo anayajua yote, na ana mengine mawili ambayo mwanasheria hatayafikiria.